Kabla Hajaangalia Chini

Jumapili, jioni. Kibiti kuna mawingu tangu asubuhi na mvua inatutania tu. Viatu vyangu viko nje ya mlango, vimejaa tope la Nyamisati, na mama ameshaniambia nisithubutu kuviingiza ndani. Sitaviingiza. Nina furaha ambayo haijanipata siku nyingi, nataka kuiandika kabla haijapoa, ili nikipata mtandao niiweke hapa kama ilivyo.

Kwa wageni wa ukurasa huu: mimi ni mpiga video za harusi. Kama umeolewa kati ya Bungu na Ikwiriri miaka ya karibuni, huenda nimekurekodi ukilia. Tangu soko liwe huria kila mtu hapa anauza kitu, maji ya kopo, mitumba, kanda, vocha. Mimi nawauzia watu sura zao wenyewe. Na mwaka huu nimefanya jambo ambalo mtaa mzima unaliona ni wazimu. Nimetengeneza filamu ya vichekesho.

Inaitwa Beberu wa Mahari. Wazee wawili wa zama za chama kimoja walinisimamisha sokoni kuniuliza kama ni filamu ya siasa. Hapana, wazee wangu. Ni mbuzi.

Bwana harusi mtarajiwa anampeleka beberu kwa baba mkwe. Beberu anachomoka Mtunda, kwenye mikorosho, na jamaa anamfukuza mpaka Nyamisati kwenye maji. Kila akitega kamba, kamba inamnasa yeye. Kila akifika mahali anahema, anamkuta beberu yuko pale, anatafuna kitu, anamwangalia. Kama uliwahi kukaa mbele ya katuni za zamani umeshajua nilikoiba. Sioni aibu yoyote. Nimeiba kwa adabu na kwa akili.

Stelingi wangu ni Bakari, mdogo wangu wa kuzaliwa. Hasemi neno hata moja katika filamu nzima.

Bakari ana kigugumizi. Si kile cha kujikwaa neno moja halafu mtu akaendelea na safari. Chake kinaweza kumshika kwenye salamu, ukawa umeshapita, umeshafika kwako, yeye bado anakusalimia. Kule Nyamisati alikobeba boriti za mikoko miaka mingi walimwita Redio Mbovu. Walimpenda, lakini ndivyo walivyomwita.

Tulipokuwa wadogo, mwenye kibanda cha video hapa Kibiti alikuwa na mkanda mmoja wa katuni, umechakaa mpaka mistari inapita juu ya picha kama mvua. Aliuweka wakati anasubiri kibanda kijae. Sisi wengine tulikuwa tunasubiri picha ianze, mateke yaanze. Kwa Bakari picha ilikuwa ndiyo hiyo. Hakuna aliyeongea mle, na walioongea waliongea Kiingereza, ambacho kwetu kilikuwa kitu kile kile. Mateke yakianza yeye anaondoka. Akifika nyumbani anatuigizia mkanda wote uani, mama anapaliwa na chai.

Yeye ndiye aliyenifundisha kuangalia. Mtu wa katuni hakimbii hivi hivi. Kwanza anarudi nyuma, anainua mguu, anajikunja, ndipo anapotea. Jicho lako limeshaambiwa kwamba kitu kinakuja, kwa hiyo kikija linakipokea. Na mtu wa katuni akikimbia akapitiliza ukingo wa jabali, haanguki. Anaendelea kukimbia hewani. Anasimama. Anatuangalia sisi tunaotazama. Anaangalia chini. Hapo ndipo anapoanguka.

Filamu za vichekesho za watu halisi, za kwao na za kwetu, zimejaa mambo hayo. Nilisoma mahali kwamba wachoraji wa katuni wa kwanza nao walikuwa wakiwaiga wachekeshaji wa filamu bubu, kwa hiyo ni mambo ya ndugu, wamekuwa wakiazimana nguo muda mrefu. Ila sisi hapa, naomba niseme ukweli wangu, tumeazima vibaya. Wachekeshaji wetu wamechukua macho ya kutumbua na suruali kubwa. Muda wameuacha. Kichekesho kiko kwenye ule muda mtu anaposimama hewani na bado hajui.

Shida ni mwili. Mtu wa kuchorwa akiangukiwa na jiwe anakuwa chapati, halafu anajipuliza anaendelea. Bakari akiangukiwa na jiwe anakwenda zahanati. Nilihangaika na hilo muda mrefu. Nitapata wapi hapa kwetu kitu kitakachomfanya mtu wa nyama kile ambacho penseli inamfanya mtu wa karatasi?

Jibu nilipewa na Bakari, kwa mikono, bila neno.

Tope.

Maji yakikupwa Nyamisati, kutoka ukingoni mpaka kwenye mashua ni tope la mikoko, jeusi, laini, linang'aa. Wenyeji wanalipita kila siku na mizigo kichwani. Siri yake ni moja tu, usisimame. Ukitembea linakubeba. Ukisimama linakushika, na ukigundua kwamba limekushika umeshachelewa. Sheria ya katuni na sheria ya Nyamisati ni moja, na mdogo wangu alikuwa amezibeba zote mbili mabegani pamoja na boriti.

Basi tukapiga tukio. Beberu yuko kwenye mashua, ametulia. Bakari anamkimbilia juu ya tope, miguu haizami, anapendeza mpaka unamwonea wivu. Katikati anasimama. Amekumbuka kitu, labda kamba, labda mchumba. Anaigeukia kamera, anatuangalia. Nimemwacha hapo muda mrefu kuliko mtu yeyote mwenye akili timamu angemwacha. Halafu anaangalia chini, na tope linampokea mpaka kiunoni.

Ni tukio bora kuliko yote niliyowahi kupiga, na nimepiga mabibi harusi wengi.

Ijumaa alikuja Bosi Kassim, msambazaji wa filamu kutoka Kariakoo. Ndiye pekee aliyekubali kufunga safari mpaka Kibiti. Ni mtu wa maneno mengi, viatu vya ngozi, na sitasema ni mtu mbaya. Tukaangalia sebuleni kwetu na majirani. Beberu aliwachekesha wote, bosi naye alicheka mpaka akalegeza mkanda. Likaja tukio la tope. Bakari akasimama, na sebule ikanyamaza. Alipozama ndipo wakacheka.

"Hapo kabla ya kuzama pamelala," Bosi Kassim akasema. "Pakate."

Ningelibishania hilo mpaka asubuhi na ningefurahia. Lakini Bakari akaja kumsalimia.

"Shi-shi-shi-shikamoo."

Niliuona uso wa bosi ukiwaka kama taa. "Kumbe! Mbona mnaficha mali, dada yangu? Huyu aongee! Rudieni tukio hilo, asimame pale kwenye tope aombe msaada. 'Ni-ni-ni-nisaidieni.' Mpaka amalize kuomba ameshazama. Watu watakufa kwa kicheko!"

Majirani wakacheka kidogo, kwa heshima ya mgeni. Bakari akatabasamu, akaangalia mkeka.

Bosi hakuficha masharti yake. Pale palipolala pakatwe, kigugumizi kiingie, filamu anaichukua. La sivyo anarudi zake Dar. Nilielewa vizuri sana alichokuwa ananiuliza. CD ikitoka hivyo, kila stendi na kila soko atakalopita Bakari watamwomba aseme "nisaidieni". Redio Mbovu lilikuwa jina la Nyamisati tu, hili lingekuwa jina la nchi nzima. Na ikirudi kabatini, mtu pekee niliyewahi kumuona akiongea sawasawa, kwa mwili wake, hakuna atakayemsikia.

Nikamwambia, "Bosi, tuiangalie tena Jumapili, Nyamisati. Wakinyamaza pale, tukio ni lako, fanya utakavyo. Wakicheka, unaichukua kama ilivyo."

Kabla sijamaliza nilimgeukia Bakari, maana mwili ni wake. Akarudi nyuma nusu hatua, akainua mguu mmoja, akajikunja. Kwa lugha yetu sisi wawili hiyo ni "twende".

Bosi akakubali. Naandika haya nikijifanya sikuogopa. Niliogopa kidogo tu. Nilijua nilichonacho.

Leo basi. Bi Tatu ana banda la samaki wa kukaanga pale Nyamisati, na ana televisheni, deki na jenereta lenye kelele kuliko mashine ya kusaga. Ndiko wanakopumzika wapakiaji wa boriti na abiria wanaosubiri boti ya Mafia. Banda lilijaa. Bosi Kassim alikaa kando yangu, Bakari nyuma kabisa, karibu na makaa, kofia usoni.

Sikuitazama filamu. Naijua. Niliwatazama watu.

Tukio la tope likafika. Bakari anakimbia, nao wanatafuna samaki wao, hakuna la ajabu, si mtu anatembea kwenye tope? Bakari akasimama.

"We Bakari we!" Bi Tatu akaipigia kelele televisheni, kijiko cha mafuta mkononi. "Usisimame!"

Banda likapasuka. Bakari wa kwenye kioo bado amesimama mkavu, hajazama hata kidole, na watu wameshaanza kupigana mabega. Akatuangalia. Mama mmoja akamfunika mwanawe macho kwa kanga huku yeye mwenyewe akiangalia. Mpakiaji mmoja akawa anapiga meza, "Hajui! Hajui huyo! Hajui!" Bakari alipoangalia chini na kuzama, kicheko kilikuwa kimeshapita, walikuwa wanajifuta machozi na kurudia samaki.

Walicheka pale pale. Pale palipolala.

Nikajua na kitu kingine, na hiki nikiweke wazi kwa sababu mimi si mtu wa kujisifu bila kujisahihisha. Kibiti walinyamaza kwa haki. Hawaijui sheria. Wao ni watu wa shamba, wa mihogo na korosho, tope kwao ni kitu cha kuruka. Katuni ilikuwa na kipindi baada ya kipindi cha kuwazoesha watu kwamba asiyeangalia chini haanguki. Mimi nilimrusha mtu hewani bila kumwambia mtazamaji kwamba kuna jabali. Nyamisati pekee ndiko walikozaliwa wanajua.

Filamu ilipoisha, Bi Tatu akajishika kiuno akamgeukia Bakari kule kwenye makaa.

"Haya tuambie, mwanangu. Tope hili umelipita na boriti begani miaka nenda miaka rudi, unalijua kuliko kwenu. Leo umezamaje?"

Banda zima likageuka. Bakari akavua kofia.

"Ni-ni-ni..."

Hapo napajua. Nimeishi hapo maisha yangu yote. Hapo huwa kuna mtu anamrushia neno, alichukue amalize, na mara nyingi mtu huyo ni mimi. Neno nilikuwa nalo tayari mdomoni. Lakini hakuna aliyerusha kitu. Walikuwa wametoka sasa hivi kumwangalia akisimama, midomo bado imeachama, nao wakakaa vile vile, wakasubiri, kama kwamba na hili ni la kwenye filamu.

"Ni-ni... niliangalia chini."

Ee Mola wangu. Jenereta halikusikika.

Nilimwona mdogo wangu akisimama katikati ya kicheko kile kama mtu aliyefika kwake. Hawakumcheka alipokuwa amekwama. Walimngoja, akawapa, wakacheka. Tofauti hiyo ni kubwa kuliko mto Rufiji, na Bosi Kassim hakuiona.

"Umeona?" akanishika mkono. "Si nilisema? Kigugumizi hicho!"

"Wamecheka neno, bosi. Si kigugumizi."

"Ni kitu kimoja!" Akawa ameshatoka nje. "Njoo nikuonyeshe. Bakari, nawe njoo. Nikuonyeshe pa kusimama."

Maji yalikuwa yamekupwa. Bosi akakunja suruali, viatu hakuvua. Bi Tatu akamwita, "Baba, huko usisimame!" Akapunga mkono bila kugeuka. Na kwa kweli alikwenda vizuri, Bakari mbele, mimi nyuma, maneno hayakatiki na miguu haikatiki, tope likambeba kama linavyombeba kila mtu. Banda zima likatoka kusimama ukingoni.

"Hapa!" akasema bosi. "Hapa hapa!"

Akasimama.

Mimi na Bakari tulikuwa tunapiga hatua pale pale, kushoto kulia, kama wafanyavyo wenyeji. Yeye akaeleza. Kamera ikae kule, Bakari ageuke hivi, aombe msaada hivi, akaigiza na kigugumizi chenyewe, mikono hewani. Kule ukingoni mtu mmoja akacheka. Kisha wawili. Kisha wote. Bosi akafurahi. Akadhani wanamcheka anavyoigiza, akaongeza sauti, akaongeza mikono, akawageukia kabisa awape vizuri. Bi Tatu alikuwa ameshakaa chini.

Bakari alinyoosha kidole tu, kuelekea chini.

Bosi Kassim akamwangalia Bakari. Akaniangalia mimi. Akaangalia chini.

Magotini.

Wapakiaji walileta boriti mbili, wakazilaza, Bakari akamkumbatia kwapani wakamng'oa taratibu. Kiatu kimoja kilibaki huko na kitabaki huko. Nataka niseme kwamba sikucheka. Nilicheka mpaka mbavu zikaniuma.

Njiani kurudi bosi alikaa mbele kwenye gari lake, mguu mmoja peku, dirisha wazi. Tulikuwa tunakaribia Kibiti ndipo akasema, "Walianza kucheka kabla."

"Ndiyo, bosi."

"Kabla sijajua."

"Ndiyo."

Akafikiri. "Nikadhani wananicheka vizuri." Halafu akaanza kucheka mwenyewe, polepole, mpaka dereva akaogopa. Akageukia kiti cha nyuma. "Kijana. Wewe unataka kuongea kwenye filamu?"

Bakari akatikisa kichwa.

"Basi. Pasikatwe kitu."

Nikamwambia kuna kitu nitaongeza. Mwanzoni kabisa, kabla hata beberu hajachomoka, namtaka Bi Tatu apite juu ya tope na beseni la samaki kichwani, mtu amfuate nyuma, naye amwambie bila kugeuka, "Usisimame." Hicho tu. Hapo Kibiti watakuwa wameijua sheria, na Mbwara, na Kariakoo, na watasubiri pamoja nasi. Kesho maji yakikupwa tunakwenda kumpiga. Bi Tatu ameshasema atavaa kanga mpya na nisimwonyeshe mnene.

Tumefika nyumbani jua linazama. Mama alikuwa uani anachuja chai. Hakuniuliza mimi, alimuuliza Bakari.

"Imekuwaje huko, mwanangu?"

Nikafungua mdomo. Naujua mdomo wangu, ulikuwa na hadithi nzima, na kiatu, na Bi Tatu. Nikaufunga.

"Wa-wa-wa..."

Mama akaacha kuchuja. Kichujio kikabaki hewani, kinadondosha. Na mimi nikasimama, miguu imetulia, nikangoja.

"...walicheka, mama."

"Walicheka wapi?"

"Pa-pa... panapotakiwa."